Abiria wa Juu ya Injini

Mume wangu Abdurahmani husoma dua ya safari kabla ya kuwasha basi ambalo halipo. Namuona kwa macho yangu mawili. Amevaa shati lake la udereva, nililolipiga pasi mimi kwa kuepusha ugomvi, amekaa kwenye kiti cha plastiki mbele ya kompyuta, viganja ameviinua, anaomba. Akimaliza anajipangusa uso, anabonyeza kitufe, nukta nyekundu inatokea pembeni ya kioo, na kuanzia hapo ni marufuku mimi kutwanga, kupepeta wala kuita mtu nyumbani mwangu mwenyewe.

Anarekodi gemu. Mzee wa mvi, jamani, anayeheshimika Kilwa Masoko nzima, anaendesha basi la kwenye kompyuta na kujirekodi akiliendesha. Nikisema naambiwa sina subira. Subira ninayo, ndiyo maana bado tuko pamoja.

Lakini nisimsengenye bila kumweleza. Alikuwa dereva wa basi la Dar tangu enzi zile barabara ni mchanga na tope, mtu akisafiri tunamuaga kama anakwenda Hija. Alikuwa mwangalifu. Wazazi walikuwa wanakuja hapa jioni kuuliza kesho nani anaendesha, wakisikia ni yeye ndipo wanakata tiketi ya mtoto. Kisha sukari ikampata. Ilianza na kidole, tukakidharau, mwisho wakamkata mguu wa kulia juu kidogo ya kifundo. Mguu wa mafuta na breki. Alirudi hospitali akaegemeza gongo lake ukutani, akakaa akautazama huo ukuta. Nilipika kila anachokipenda. Alikula kidogo, akashukuru, akarudia ukuta wake.

Aliyemwokoa ni Abizer, mwenye duka la vifaa vya umeme pale karibu na soko. Miaka yote mizigo ya duka lake ilikuwa inakuja na basi la Abdurahmani na haikupotea hata balbu. Siku moja akaja kwa bodaboda amekumbatia kompyuta ya zamani ya dukani, ameizungushia blanketi kama mgonjwa. Akaifunga pale sebuleni, akaweka hilo gemu la mabasi, akamwonyesha mume wangu mishale ya kuendeshea. Akamwambia hapa mguu hauhitajiki, mzee, vidole vinatosha. Abdurahmani aliitazama ile mishale muda mrefu. Mimi niliingia jikoni nikalia, maana sikutaka Abizer anione.

Basi lenyewe la Ulaya, na huko wanapita upande wa kulia. Siku za mwanzo aligonga kila kitu. Alishika kushoto kwake kama alivyofundishwa, magari yakamjia usoni, naye akawagombeza madereva wa kwenye kioo kwamba leseni wamepewa na nani. Alipozoea, akaanza kutangaza vituo vya njia yetu ya Dar. Mji ule wenye minara akauita Nangurukuru. Daraja la chuma likawa Matandu. Penye msitu akasema Muhoro hiyo, anayeshuka ajiandae. Abizer alicheka mpaka akakaa chini, akasema hii lazima irekodiwe wenzako wa stendi waione. Akamwekea programu ya kurekodi kioo na maiki ndogo ya kubana kwenye kola. Rekodi ya kwanza ikatoka bubu, maiki haikuchomekwa. Mume wangu alizungumza kuanzia Masoko mpaka Mbagala na hakuna neno lililoingia. Siku hizi huikagua maiki kama alivyokuwa akikagua matairi. Abizer hupita na kuzichukua hizo rekodi, anaziweka mtandaoni, na wapo watu wanaozitazama, sijui hawana kazi.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe.

Tuna mtoto mmoja, Naima. Mungu hakutujaalia mwingine. Baba yake alimwahidi rafiki yake wa barabarani kwamba kijana wa huyo rafiki atamuoa Naima. Hakumuuliza Naima. Kwetu binti huulizwa mwishoni, wageni wameshakaa mkekani, naye hunyamaza, na kunyamaza ndiyo kukubali. Naima hakunyamaza. Alisema simtaki, kwa sauti ya kawaida kabisa, watu wakasikia mpaka barazani. Wageni walipoondoka Abdurahmani akasimama pale mlangoni akaapa wallahi kwamba hataongea naye tena, na jina lake halitatoka kinywani mwake. Mtoto akafunga begi. Akasomea uuguzi, sasa yuko Mwanza, na tangu siku hiyo hajakanyaga hapa.

Mtaa mzima unaniita Mama Naima. Abdurahmani peke yake aliacha. Kabla ya hapo hata jina langu sidhani kama alikuwa analikumbuka, kila kitu Mama Naima, Mama Naima soksi zangu, Mama Naima chai. Baada ya kiapo nikawa Bi Zuhura, kama mgeni aliyepanga chumba. Niliumia kwa hilo kuliko nilivyowahi kumwambia mtu.

Mimi naongea na Naima kwenye simu. Nilimsimulia habari za baba yake na gemu tucheke wote, nikamwomba Abizer amtumie moja ya zile rekodi. Nilingoja kicheko. Akanipigia analia. Nikadhani kuna msiba.

"Mama," akasema, "umemsikia anavyoanza?"

Nilikuwa nimemsikia nisisikie. Kila safari, baada ya dua, kabla gari halijatoka, Abdurahmani husema: abiria wangu wa juu ya injini, umekaa vizuri? Nilidhani ni maneno ya kazi. Nilisahau. Naima alipokuwa mdogo, shule zikifungwa, baba yake alimpeleka Dar na kumrudisha, na kwa kuwa viti vimejaa alimkalisha kwenye kifuniko cha injini pembeni yake, juu ya khanga yangu iliyokunjwa asiungue. Alimkataza kumwita baba ndani ya gari. Kazini mimi ni dereva, alimwambia. Basi kabla ya kuondoka anamuuliza umekaa vizuri, naye anajibu nimekaa, dereva, na Somanga usinipitilize. Somanga alikuwa ananunuliwa samaki wa kukaanga.

Kumbe mzee wa watu alikuwa anaongea na mwanawe kila siku. Hakuvunja kiapo. Jina hakulitaja, na aliyekuwa mbele yake ni kompyuta.

Naima akanikataza nisimwambie baba yake kwamba anazisikiliza. Nikimwambia, akasema, simu atakayopiga baba itakuwa imetoka kwangu mimi mama, si moyoni mwake. Mnaona nilivyowekwa katikati? Wawili hawa wana kichwa kimoja, wamegawana tu. Mimi ndiye ninayejua kila upande unalia, na mimi ndiye niliyefungwa mdomo.

Nikavumilia hadi nikachoka. Siku moja amemaliza kurekodi, nikamletea chai, nikamwambia Abdurahmani, kiapo kina kafara, wewe unajua. Watu kumi maskini walishwe, yamekwisha. Shehe mwenyewe alishakwambia kwamba kiapo cha kumkata mtoto si cha kushikilia. Nikategemea atafoka. Hakufoka. Alikoroga chai isiyo na sukari, akaikoroga tena.

"Kulisha si kazi, Bi Zuhura," akasema. "Nikishawalisha nikampigia, asiposhika? Sasa hivi nasema ni kiapo. Asiposhika nitasema ni nini?"

Miaka yote nilikuwa nimemkasirikia kwa kiburi, nisijue ni woga. Nilimhurumia mpaka nikapata hasira upya, kwa sababu jibu nilikuwa nalo kifuani na nimekatazwa kulitoa. Lakini Naima alinikataza kumwambia baba yake habari zake. Hakunikataza kumwambia yeye habari za baba yake. Nikatoka uani, nikampigia, nikamweleza neno kwa neno. Akakata simu bila kuniaga. Nikasema haya, nimeharibu.

Baada ya hapo nyumba ilitulia vibaya. Naima hapigi, Abdurahmani anarekodi, mimi napika. Mpaka Abizer alipokuja kuchukua rekodi kama kawaida yake, akakaa na simu anamsomea mzee walichoandika watazamaji, maana Abdurahmani herufi za simu hazioni. Mmoja kauliza basi lina kiyoyozi? Mmoja kasema mzee umepita taa nyekundu. Abdurahmani akakataa, akasema ile ilikuwa ya njano. Abizer akaendelea kusoma, hana habari anasoma nini:

"Nimekaa vizuri, dereva. Somanga usinipitilize."

Mimi nilikuwa nachagua mchele. Nikauweka ungo chini. Abdurahmani akamwomba Abizer arudie, akarudia. Akauliza ni nani aliyeandika, Abizer akasema hakuna jina, wameweka picha ya khanga tu. Mume wangu akavua miwani, akaiweka juu ya kibodi taratibu. Abizer akaona aage. Ndipo mume wangu akaniita.

"Mama Naima."

Sikujibu mara ya kwanza, nilitaka kulisikia tena. Akaniita tena.

"Mama Naima, mchele unatosha watu kumi?"

Nilimwambia unatosha. Hata usingetosha ningeutafuta.

Kesho yake nilipika wali wa nazi na samaki. Shehe alituletea bibi vizee wa mtaa wa nyuma, na wabeba mizigo wa sokoni ambao siku hiyo hawakuwa wamepata kitu. Abdurahmani aliwanawisha mikono mmoja mmoja, ameegemea gongo, birika mkono wa pili, akakataa kusaidiwa. Walipokwisha kula, wakaomba dua, wakaenda zao. Akaswali alasiri. Kisha akataka shati lake.

Nilidhani anakimbilia gemu kama mtoto anavyokimbilia nguo za mama. Akaichomeka maiki, akaikagua, akasoma dua, akabonyeza, nukta nyekundu ikawaka. Basi likatokea limesimama stendi, milango wazi, abiria wameshakaa. Hakugusa mishale. Akanyoosha mkono kwangu bila kugeuka, nikampa simu yangu, inaita tayari.

Rekodi hiyo ipo. Ndefu kuliko zote, na ndani yake basi haliendi popote. Unasikia feni ya kompyuta, unamsikia muuza samaki anapita nje na honi yake, unanisikia mimi navuta kamasi, na sioni haya. Abizer aliitaka akanyimwa. Kompyuta ikilalamika imejaa, Abdurahmani anafuta safari nyingine, hiyo haigusi.

Naima alishika kabla haijaita mara ya pili. Hakusema haloo.

"Shikamoo, dereva," akasema.

"Marahaba."

Mkono wa Abdurahmani ulikuwa umeishika kola penye ile maiki, ameikaza.

"Leo siko kazini, Naima," akasema. "Niite baba."