Bahasha Nyekundu ya Sau-han

Mke wangu Sau-han aliua watu wengi, wote kwa kalamu. Aliandika sinema za panga na mazingaombwe: mabingwa wa kuruka juu ya mapaa, mbweha wanaogeuka wanawali, watawa wenye sumu kwenye kucha. Mimi nilikuwa seremala wa studio hiyo hiyo, hapa Hong Kong. Yeye aliandika hekalu, mimi nililijenga kwa mbao nyepesi, kesho yake mtu akalivunja kwa teke.

Kusoma sijui. Asubuhi alinisomea alichoandika, nikinywa uji wa mchele. Kijiko kikibaki hewani, alicheka, karatasi akaenda nazo kazini. Nikiendelea kunywa, alizichana.

Sisi watu wa sinema tuna mwiko. Anayeigiza maiti hupewa bahasha nyekundu na mwenye kazi, yenye pesa yoyote ndani, hata senti. Ni ya kumwambia Mauti: huyu anatania tu, ataamka.

Mwaka mmoja Sau-han aliandika juu ya bingwa anayejifanya amekufa ili awanase adui zake. Yip Kam, kijana wetu wa kuruka akining'inizwa kwa waya, akalazwa kwenye jeneza nililolichonga mimi. Picha ikapigwa. Kam hakuinuka. Alitoa mkono tu.

"Amka, mvivu wewe!" akasema Pun, msimamizi wetu.

"Bahasha yangu, bosi."

"Ya nini? Karatasi inasema hufi. Unajifanya tu."

Sau-han akasogea. "Bwana Pun, jeneza ni jeneza. Mpe."

"Si wewe uliyeandika hafi?"

"Niliwaandikia watazamaji. Mauti hajui kusoma."

"Basi amesoma shule moja na mumeo!"

Watu wakaangua kicheko. Hata mimi. Sau-han hakucheka, alikuwa anapekua mkoba. Kam akamshika mkono.

"Acha, shemeji. Yako haifai, lazima itoke kwa mwenye kazi. Mimi paka, sifi leo." Akaruka nje ya jeneza.

Hazikupita siku nyingi, waya ukakatika. Kam akaangukia mawe ya uani. Hakuamka.

Nilidhani watamlaumu Pun. Wakamlaumu mke wangu. Wakasema kalamu ya yule mama ina mkosi, alimwandikia kijana jeneza. Waigizaji wakakataa kushika karatasi zake. Pun akachoma udi wa kufukuza mkosi mbele ya chumba alichoandikia Sau-han, kisha akaja kwetu.

"Dada Han, kazi hapa imekwisha. Si mimi. Ni watu."

"Na bahasha uliyoibana?"

"Maandishi ni yako, dada. Wewe ulisema hafi."

Sau-han alitaka kitu kimoja tu baada ya hapo: jina lake lirudi kwenye pazia la sinema. Waandishi wengine walikuja kwa mlango wa nyuma, mkononi machungwa ya zawadi, kichwani hadithi isiyo na mwisho. Aliwaandikia, wakatia majina yao. Tulikwenda kutazama. Majina yalipopanda nilimwuliza, "Wewe ni lipi?"

"Halimo. Tazama sinema."

Nami niliona jambo. Katika hadithi zake hakuna aliyekufa tena. Mabingwa wake wote waliishia kupanda mlimani na kupotea kwenye ukungu. Uji wangu sikuuacha kamwe kwa miisho hiyo, ila hakuichana. Wenye machungwa walinung'unika, "Mama, watu wanataka damu." Mwisho hawakuja.

Jina halikurudi. Majira haya ya baridi kifua kikambana, akafa.

Kwenye ukumbi wa mazishi, kabla ya kufunika jeneza, nilimtia bahasha nyekundu kwenye mkono wa nguo. Mwosha maiti akanidaka mkono.

"Mzee, una wazimu? Nyekundu kwenye jeneza? Atarudi huyu!"

"Najua. Wafu wa nyekundu wanaorudi aliwaandika mwenyewe, mara ngapi sijui."

"Akirudi mzimu mwenye hasira?"

"Ana haki ya hasira. Na arudi nayo."

Akanitazama. Akaachia mkono wangu. Wakafunika.

Sasa asubuhi napika uji wa mabakuli mawili. Kijiko nakiacha hewani, nasikiliza.

Bado.