Kaburi la Mpagazi katika Filamu ya Vita

Siku yangu ya kwanza kazini, huko ughaibuni, Mhandisi Mkuu wa Sauti alinikabidhi ufagio. Baadaye nilipopata stashahada, yeye ndiye aliyekuwa akiniita anapokwama. Mtu mwingine wa kwetu Mkongani mwenye stashahada ya sauti simjui. Kama yupo, na ajitokeze.

Niliporudi Kwale nilifanya kazi kwenye filamu za televisheni kuhusu Vita Kuu ya Kwanza, zile zinazochanganya mahojiano na maigizo. Zote zilinichosha kwa namna moja: waongozaji walikuja kupiga picha vita vilivyopiganwa hapa kwetu, wakaishia kupiga masharubu ya maafisa wa Kizungu.

Iliyonikera zaidi tuliipiga karibu na Vanga. Bi Mwanamisi alituruhusu kutumia shamba lake kwa sharti moja. Babu yake, Salimu bin Mwachirema, alichukuliwa kuwabebea askari mizigo, hakurudi, na kaburi lake halijulikani.

"Mkimzika huyo mpagazi wenu," alisema, "mtajeni babu yangu. Asikike kwenye televisheni, basi."

Mwongozaji Mkuu, aliyetoka Nairobi, alikubali mbio mbio.

Maiti wetu alikuwa sanda iliyojazwa makumbi ya nazi. Mwongozaji akaamuru kaburi lichimbwe kufuata ufuo, eti mwanga uanguke vizuri. Wachimbaji, watu wa Vanga tuliowaajiri kuigiza, wakaweka majembe chini.

"Humu atatazama baharini," mmoja akasema. "Kibla ni kaskazini."

"Buda, hayo ni makumbi!" mwongozaji akafoka.

"Basi yazike mwenyewe, bwana mkubwa. Sisi tukizika, twazika vyema."

Nilimsihi mwongozaji, akanijibu, "Mtazamaji atajuaje kaskazini ni wapi? Wewe rekodi sauti, mzee."

Wachimbaji walichimba jingine, sawasawa na kibla. Sanda ilipofukiwa, Bi Mwanamisi akasogea, akainua mikono, akasoma Fatiha na kumtaja babu yake kwa jina kamili.

"Kata!" mwongozaji akapaza sauti. Kamera ikazimwa. Mimi sikuzima kinasa sauti. Nilidai ninarekodi ukimya wa mahali, utulivu ambao mhariri huutumia kuziba mapengo ya sauti. Kwa mambo ya sauti, nani angebishana nami?

Kwenye uhariri, mazishi yote yalikatwa. "Yanapunguza kasi," alisema mwongozaji. Lakini kuchanganya muziki, maneno na milio kulikuwa mikononi mwangu. Mwishoni, afisa anapopanda farasi taratibu, nikashusha muziki nikamwingiza Bi Mwanamisi.

Mwongozaji akasikiliza, akapiga makofi. "Hiyo imeweza, mzee!"

Sasa nimestaafu, niko Msambweni, na filamu za vita bado zinanipandisha hasira. Vijana mnaoanza kazi hii, someni sauti. Picha wataikata tu.

Ile filamu iliporushwa nilikuwa kwa Bi Mwanamisi. Afisa akapanda farasi, sauti ya bibi ikatoka ikimtaja babu yake.

"Mbona Babu Salimu amekuwa Mzungu?" nduguye akauliza.

"Nyamaza wee," akasema Bi Mwanamisi. "Nataka kumsikia."