Beki Mlangoni kwa Marehemu Reshit

Tonin Ashta hakuwahi kuutazama mpira. Ndivyo wanavyosema waliomwona akicheza, na ndivyo alivyosema mwenyewe katika zile siku chache alizokuwa na maneno. Mpira ni mwongo, alisema, unakwenda na yeyote anayeuita. Lakini mtu ana kiuno, na kiuno hakidanganyi. Basi alimtazama mshambuliaji kiunoni tu, akamganda kama unyevu unavyoganda ukutani majira ya mvua hapa Shkodra, kaskazini mwa Albania, hata wenzake wakasema kwamba fowadi aliyekabwa na Tonin akirudi kwake, mkewe humuuliza mbona shati lake linanuka jasho la mwanamume mwingine.

Leo mgongo wake umepinda, naye hutengeneza baiskeli katika chumba cha mbele cha nyumba yake, milango michache kutoka kwangu. Mji wetu ni mji wa baiskeli na wa masihara. Hata pole hatujui kuitoa kabla ya kuchokoza kwanza. Kwa miaka mingi, kila aliyemwachia baiskeli alitoa utani ule ule akidhani kautunga yeye: "Ikabe vizuri, Tonin, isije nayo ikakutoroka." Tonin hujibu kwamba hii haina bega la kushoto. Watu hucheka, naye huinama tena juu ya mnyororo wake.

Mwenye bega la kushoto alikuwa Reshit Guci, winga wetu. Alikuwa akiliangusha bega hilo kana kwamba kitu kimemdondoka, beki akaenda upande huo kukiokota, na Reshit akapita kulia. Nchi nzima iliujua ujanja huo na nchi nzima ilinaswa. Tonin peke yake hakunaswa, kwa sababu mazoezini alipangwa kumkaba Reshit kila siku ya Mungu, tangu walipokuwa vijana wasio na ndevu wakicheza kwenye changarawe za mto Buna. Asubuhi walikuwa kiwandani kama sisi sote, alasiri uwanjani, na magharibi walitembea bega kwa bega katika matembezi ya jioni barabarani, pale ambapo mji mzima huenda na kurudi ili kuonana. Mmoja alitoka nyumba ya Kikristo, mwingine ya Kiislamu. Sikukuu za dini zilikuwa zimepigwa marufuku na utawala wa siku hizo, lakini kila Pasaka mayai mekundu yalivuka ukuta chini ya kitambaa, na kila Bairamu, yaani Idi, sinia la vitamutamu lilirudi kwa njia hiyo hiyo.

Tonin aliitwa timu ya taifa. Kuna mechi moja iliyochezwa kwenye tope ambapo mshambuliaji mkubwa wa kigeni alihama upande mmoja hadi mwingine akimkimbia, na kila alipogeuka alimkuta Tonin, mtulivu, damu ikimtoka puani, kama mdai aliyeamua kutokula mpaka alipwe. Katika maisha yake yote alifunga bao moja tu, nalo alijifunga. Hilo pia hatujamsamehe.

Kisha ikaja ile safari ya kombe la Ulaya. Siku hizo timu ikitoka nje ya nchi, kila mchezaji alikabidhiwa mwenzake wa kumchunga, na mwenzako akipotea wewe ndiye uliyempoteza. Tonin alikabidhiwa Reshit. Nani mwingine? Tulifungwa, na asubuhi ya kurudi waliruhusiwa kutembea kidogo madukani. Reshit alisema anakwenda kumnunulia mama yake mtandio. Tonin alisimama mbele ya dirisha la duka akitazama njumu za ngozi laini, ambazo kwetu zilikuwa kama ndoto, na alipogeuka mwenzake hakuwepo. Hivyo ndivyo alivyowaambia waliomhoji. Hivyo ndivyo alivyomwambia mkewe Dila. Hakubadilisha hata neno.

Kosa la aliyetoroka nchi lililipwa na waliobaki. Lori la kwanza lilikuja kumchukua Tonin, Dila na binti yao Lule. Lori la pili lilimchukua mama yake Reshit na dada yake Merushe, aliyekuwa na pete ya uchumba kidoleni. Ile pete ilirudishwa kabla lori halijafika darajani. Picha ya timu iliyotundikwa klabuni ilikatwa mara mbili kwa mkasi, na waliobaki wakasogezwa wafunike mianya. Tonin alikuwa na miaka ishirini na saba. Beki huiva katika umri huo.

Walipelekwa kwenye vijiji vya matope huko kusini, kuchimba mifereji na kuchuma pamba. Asubuhi waliitwa majina, jioni waliitwa majina, na hakuna aliyetoka kijijini bila ruhusa ya ofisa. Majira ya pili ya baridi Lule alishikwa na homa. Hospitali ilikuwa mji wa jirani. Ofisa mwenye kutoa ruhusa alikuwa amekwenda harusini, na waliobaki waliogopa kutoa ruhusa isiyo yao. Aliporudi, akiwa bado na ua kwenye kola, hakukuwa na haja tena.

Kwetu, nyumba ikifiwa, wanaume wake husimama mlangoni, mkono wa kulia kifuani. Watu huja, wa karibu na wa mbali, hata mliyegombana naye mpaka wa shamba. Kila mmoja hushika mikono ya waliosimama na kusema, "Uzima ubaki kwenu." Hupewa sigara kwenye sahani na kahawa isiyo na sukari, hukaa kidogo, huondoka. Hayo tu. Lakini mtu ambaye hakusimama mlangoni hajamaliza kuzika.

Tonin alisimama mlangoni pa kibanda kile. Dila alichemsha kahawa. Waliochimba kaburi walikwenda zao wakitazama chini, maana kuingia nyumba ya adui wa umma kulimfanya mtu kuwa wa nyumba hiyo. Hakuja mtu. Jioni Dila aliimwaga kahawa mferejini, akaosha birika.

Walirudi Shkodra utawala ulipoanguka, nywele zao zikiwa zimebadilika rangi. Hamdi, aliyekuwa nahodha wa timu na ambaye siku ya lori alifunga dirisha, alimpelekea Tonin baiskeli mbovu itengenezwe, kisha nyingine, nadhani baadhi aliziharibu mwenyewe. Hawakuzungumza zaidi ya minyororo na breki. Magharibi Tonin alitoka matembezini peke yake, akipita ukingoni mwa barabara, kama mtu anayemfuata fulani asiyeonekana.

Majira haya ya baridi habari ikaja kwamba Reshit amefariki Ujerumani na maiti inaletwa. Huko alicheza msimu mmoja, goti likavunjika, akabeba makreti ya matunda hadi alipostaafu. Hakuoa. Merushe, dada yake, aliyezeeka peke yake katika nyumba ya baba yao, alikuja karakana ya Tonin huku mvua ikinyesha. Nilikuwepo, nikisubiri gurudumu langu. Hakuketi.

"Kaka Tonin," alisema, "hakuna wa kusimama mlangoni."

Tonin aliendelea kuzungusha gurudumu. Akasema wapo binamu zake.

"Wako Milano. Mmoja ameahidi kutuma shada."

"Merushe, dada yangu, mimi nilishamchunga huyo. Unajua ilivyokuwa."

"Najua. Nilikuwa lori la pili."

Gurudumu likazunguka likaishiwa nguvu. Merushe alifunga vizuri kilemba chake, akasema kwamba Reshit kila alipopiga simu aliuliza habari za Tonin, kama bado anatembea jioni, kama bado anakula karanga na maganda. "Nilikuwa namwambia hujambo. Habari za Lule sikumwambia. Nilishindwa, kaka. Amekufa hajui."

Tonin alimwambia atafikiri. Nilipoondoka hakunitoza wala hakunitazama, na gurudumu langu nilikuja kugundua kwamba amelifunga kinyume, yeye ambaye hata gizani hakosei.

Kilichofuata Dila alimsimulia mke wangu, kwenye ukuta wa uani, bila machozi. Dila alikuwa jikoni akichambua maharage. Tonin aliingia akamweleza alichoombwa, na Dila akaelewa uzito wake: kusimama mlangoni kwa Reshit ni kuuambia mji mzima kwamba huyu alikuwa wa nyumba yangu, na kilichotupata si kosa lake. Kutosimama ni kumwacha Merushe na mlango mtupu, na wote wawili walijua mlango mtupu ulivyo. Hakumwambia asimame wala asisimame. Alimuuliza swali ambalo miaka yote hakuwa ameliuliza, kwa sababu jibu la njumu lilikuwa limeletwa kabla ya swali.

"Ulimwona akiondoka?"

Tonin alikaa kwenye kigoda. "Aliangusha bega la kushoto," akasema. "Nikajua atapita kulia."

"Na wewe?"

"Nikasimama pale pale. Alitazama nyuma mara moja. Nikageukia dirisha."

Dila akaendelea na maharage mpaka yakaisha. Aliona, alimwambia mke wangu, mikono yake ikifanya kazi kama ya mtu mwingine. Hakumuuliza kama wakati ule aliwafikiria yeye na mtoto. Kama aliwafikiria, ni vibaya. Kama hakuwafikiria, ni vibaya vile vile. Alifunika sufuria, akasema, "Basi nenda kasimame," na tangu jioni ile alimwekea chakula mezani na yeye akala jikoni.

Tulimzika Reshit kwenye makaburi ya chini ya mlima, mvua ikiingia shimoni kabla yake. Kisha tukaenda nyumbani kwao. Majirani tulikuwa tumeleta viti, kila nyumba vyake. Wanawake waliingia kwa mlango wa uani, kwa Merushe. Na kwenye mlango wa mbele, peke yake, ndani ya koti jeusi lililombana kwapani, alikuwa Tonin Ashta, mkono kifuani.

Nimewahi kuona watu wakikosa hatua mazishini, lakini si wengi namna ile kwa pamoja. Waliofika wa kwanza walisimama kwenye mvua wakijifanya wanafunga miavuli. Kulikuwa na wale wa utani wa baiskeli. Mmoja wao alifungua mdomo, na nadhani ilikuwa mazoea tu, kisha akaufunga. Aliyevuka kwanza alikuwa Hamdi. Alipanda ngazi akishika ukuta, akaushika mkono wa Tonin kwa mikono yake yote miwili.

"Uzima ubaki kwenu," alisema, kama inavyosemwa. Lakini hakuachia. "Na kwa yule mtoto, Tonin. Kwa yule mtoto pia. Nimechelewa."

Tonin alijibu kama inavyojibiwa, kwamba nanyi msipatwe na msiba. Alilisema mara mbili.

Baada ya hapo sijui nani alisikia na nani aliambiwa, lakini kila aliyepanda zile ngazi alishika mkono ule muda mrefu kuliko kawaida. Wengine walilitaja jina la Lule, wengine walikosa ujasiri wakatikisa kichwa tu. Mimi nilikuwa miongoni mwa waliotikisa kichwa. Tulikunywa kahawa chungu, tukavuta sigara za marehemu, na hakuna aliyetaja mpira. Tonin hakuketi. Alimpokea kila mtu akimtazama kiunoni, kama zamani, mpaka anapofika karibu kabisa.

Siku ya mwisho ya msiba, jua lisilo na joto likiwa juu ya ziwa, watu walikuwa wamekwisha kuondoka. Vikombe vilikuwa vimeoshwa. Nilikwenda kuchukua viti vyangu. Tonin bado alikuwa mlangoni, kwa sababu aliyesimama huwa haondoki mpaka wenyeji wamwambie, na Merushe alikuwa amesinzia ndani kwa uchovu.

Ndipo Dila alipotokea kwenye kona, katika gauni lake la kanisani, kilemba cheusi. Siku zote hizo hakuwa amekanyaga pale. Mwanamke hupitia uani. Yeye alikuja moja kwa moja kwenye ngazi za mbele. Tonin alipomwona alinyoosha mkono, bila kufikiri, kama alivyounyoosha kwa wote. Dila aliutazama, hakuushika.

"Sikuja kwa ajili ya huyo wa ndani," akasema. "Wala kwa ajili yako."

"Najua."

"Wamemtaja Lule?"

"Wamemtaja. Hamdi, na wengine."

"Nami sikuwepo." Alisema hivyo taratibu, kama mtu anayeonja kitu. Kisha akapanda ngazi ya mwisho, akageuka, akasimama kando yake mlangoni akiitazama barabara, na kuweka mkono wa kulia kifuani.

Hapakuwa na mtu barabarani. Mvumo wa matembezi ya jioni ulikuwa ukisikika mbali, upande wa mjini, vicheko na kengele za baiskeli. Nusu hatua ilikuwa kati ya mabega yao na hakuna aliyeipunguza. Walisimama hivyo, wazee wawili, wakingoja, kahawa ikiwa imekwisha.

Nilikuwa kwenye kibaraza, nimebeba viti viwili. Nikaviweka chini, nikavua kofia, nikashuka mpaka barabarani ili nije upya kutoka mwanzo.