Bibi Aliyeng'arishwa

"Nani alikutuma umng'arishe bibi yangu?"

Dada mmoja alifoka hivyo juzi Kariakoo, upande wa Msimbazi, kwenye kibanda cha kuhamishia mikanda ya zamani ya video kwenye flashi. Mimi nilikuwa nyuma yake na mkanda wangu wa harusi. Kwenye skrini bibi kizee alikuwa anacheka, uso mweupe kama unga wa ngano.

"Hiyo ni ofa, dada'angu," fundi akasema. "Wateja wote wanataka sura ing'ae."

"Bibi yangu Mmakonde! Alikuwa mweusi, ana chale mashavuni. Ziko wapi?"

Fundi akapitisha kidole kwenye skrini, kama anazitafuta kweli.

Dada huyo, alivyotueleza pale, anatengeneza filamu zisizo na hadithi. Katika hii alitaka kuulaza uso wa bibi juu ya uso wake mwenyewe, kimya, watu watazame. Babu yake alikuwa Mhindi, na yeye kila akipita sokoni anaitwa, "Mhindi, karibu!" Picha ya bibi iliyobaki duniani ni hiyo ya kwenye mkanda tu.

"Na mkanda wenyewe?" akauliza, sauti imeshuka.

Fundi akakuna shingo. "Watu wakishapata flashi huwa hawautaki tena. Nimewapa wanunuzi wa chakavu asubuhi."

Nikaubana wangu kwapani.

Tunataka kung'arishwa, ndugu zangu, halafu tunashangaa wajukuu hawajui wamefanana na nani. Wewe fundi, acha kukuna shingo. Funga kibanda, wafuate hao wa chakavu, umrudishie huyu dada bibi yake akiwa mweusi.