Udaga wa Matrida

Matrida Masatu wa Kibara amewapikia wavuvi ugali wa udaga kwa miaka ishirini na mitatu, kwenye banda lake la mabati karibu na mwalo wanakoshushia samaki. Wageni waliokuja kupiga filamu ya vyakula vya Mara walimpenda tangu siku ya kwanza. Baltazar, kiongozi wao, alimwambia asiigize chochote. Awe yeye tu.

Wifi yake Lukresia hakufurahi. "Utawaonyesha na ukungu? Watasema tunakulaga uozo."

"Si ndivyo tunavyoupikaga?"

Udaga hauna njia ya mkato. Muhogo humenywa, hulundikwa na kufunikwa majani ya mgomba siku nne, mpaka uote ukungu mweusi. Ukungu hukwaruliwa kwa kisu, kisha muhogo hupondwa, huanikwa na kusagwa. Harufu yake ni ya utoto wetu. Wengi tuliosoma tumejifunza kuionea haya.

Asubuhi ya kupiga picha, msichana mmoja wa kundi la Baltazar, Naomi, aliwahi kufagia uwanja ili upendeze. Alipofunua lundo la Matrida na kukuta manyoya meusi, akadhani muhogo wa watu umeoza. Akautupa wote shimoni na kuumwagia majivu.

Alipoambiwa kuwa huo ndio udaga wenyewe, alilia.

"Nyamaza, mwanangu," Matrida alimwambia. "Hata mimi, mara ya kwanza, nilimuuliza mama kama anataka kutuua."

Baltazar akapendekeza unga wa dukani. Ugali ni ugali, nani atajua?

"Kibara nzima. Ulisema niwe mimi. Basi mimi nahitaji siku nne."

"Mama, kesho tunakwenda Butiama. Sina hakika kama tutarudi."

"Nendeni salama."

Jioni Lukresia alimcheka: bahati imekuja na gari hadi mlangoni, naye ameifukuza. Matrida alikwenda kung'oa muhogo mwingine, akamenya, akafunika jani juu ya jani, bila kujua kama kuna atakayekuja kuuona.

Siku ya tano gari lilirudi. Naomi alishuka wa kwanza, akaomba kisu; Matrida alikuwa ameweka vitatu.

Filamu ilionyeshwa Musoma, kwenye ukuta wa ukumbi mmoja wa Nyasho. Nilikaa nyuma ya mawifi hao wawili. Lundo lilipofunuliwa, ukungu ukajaa ukuta mzima. Lukresia akajifunika uso kwa khanga.

Hapo bibi mmoja wa safu ya kati akaiambia ile picha, kama anayesema na jirani: "Umeshaiva huo. Kwarua, utapitiliza."

Na Matrida wa ukutani akashika kisu, akakwarua.

Ukumbi ulicheka, ukapiga makofi, kisha ukasimama. Wazee walikuwa wakifuta macho. Nami pia.

Lukresia alishusha khanga taratibu. "Wifi, umekwarua na mgeni. Mimi mbona hukuniita?"

"Kisu cha tatu kilikuwepo," Matrida akasema, macho yakiwa bado ukutani.