Maharusi wa Kanga Mbili

Wiki nzima nilikosa usingizi kwa swali moja: je, ni mimi niliyemfanya bibi aache pamba? Lilianza nilipoona kangambili, wadudu wawili wekundu, kwenye bamia zake hapa Mtunda, wameshikana mkia kwa mkia.

Utotoni, mchana mmoja wa kuchambua pamba, baraza likinuka vumbi na jua, bibi alinipa kopo la wadudu hao nikawatupe motoni. Nilidhani wanaitwa hivyo kwa kuwa wamevaa kanga mbili, doti nzima, basi ni maharusi. Nikawarudisha shambani kimyakimya. Leo nina shahada ya kilimo; najua wanafyonza mbegu na kutia pamba madoa. Msimu ule mnunuzi aliiita pamba yake fifi, yaani ya daraja la chini, na bibi hakupanda tena.

Jana asubuhi nilimfuata jikoni, nikamwambia yote.

"Maharusi!" Alicheka mpaka akashika kiuno. "Mke mwenzangu, kopo moja litamaliza shamba? Niliacha nikahamia ufuta kwa sababu hauna kuchambua."

Sikujua kama ananifariji. Nilichukua kopo, nikawakusanya wale wa kwenye bamia, na safari hii nikawafikisha motoni.