Asidi na Klorini Hazikai Ndoo Moja

Wenzake wa usafi walimwita Bi Kaidi, naye wala hakununa. Miaka kumi na tisa amesugua mabafu ya hosteli ile. Umlaghai kwa lipi?

Asubuhi hiyo msimamizi mpya alimkuta amepiga magoti bafuni, anaitazama mistari ya saruji kati ya vigae, imekuwa myeusi tii.

"Wakaguzi wanafika saa sita," akasema. "Mwaga asidi, tia na klorini humohumo. Uchafu utakimbia wenyewe."

"Utakimbia na roho yangu, bosi. Hizo hazichanganywi."

Dada yake ndiye aliyemfundisha kazi hii, na ndiye aliyewahi kuzichanganya kwa kuharakishwa vivyo hivyo. Moshi wa mchanganyiko huo ulimwangusha palepale. Mpaka leo akifua nguo mbili anakaa chini kuhema. Nani alimwomba radhi? Thubutu!

Bi Kaidi akafungua madirisha yote, akavaa glavu na miwani. Akalowesha mistari kwa maji matupu, isije ikafyonza asidi ikaliwa. Akatia maji ndooni kwanza, asidi ikafuata kidogokidogo, akajaribu kipande kimoja nyuma ya mlango. Chupa ya klorini aliiacha mbali, nje koridoni.

Msimamizi akaifuata, akarudi nayo. "Mama, asiyesikia la mkuu huvunjika guu."

"Heri guu, linafungwa. Mapafu yana fundi gani?"

"Basi kazi huna!"

Watoto wake watatu wanakula kwa brashi ile. Lakini hasira ilimpanda kuliko hofu. Akavua glavu, akamnyooshea.

"Haya, changanya wewe. Mimi nasubiri nje."

Msimamizi akaitazama ndoo, akaitazama chupa mkononi, akarudi nyuma mpaka mlangoni.

"Kumbe unajua!" Bi Kaidi akamaka. "Unajua, na bado ulinituma mimi!"

Akavaa glavu zake, akaendelea mstari kwa mstari, akisugua na kusuuza.

Saa sita wakaguzi walikuta nusu ya sakafu inang'aa, nusu bado nyeusi.

"Nani amechelewesha?" mmoja akauliza, na msimamizi akamwonyesha kwa kidole.

Bi Kaidi akasimama, magoti yamelowa. "Ni mimi. Aliniambia nichanganye sumu, nikakataa. Na kesho akiniambia, nitakataa tena."